Kufukuzwa Kazi bila Kusikilizwa: Majibu kwa Hoja Nne

Mtu anapofukuzwa kazi Pemba, iwe dukani Chake Chake, bohari la Wete au hotelini Kigomasha, mara nyingi husikia neno moja tu: bosi kasema basi. Zipo hoja zinazotetea mtindo huo, na zimerudiwa barazani hata wafanyakazi wenyewe wakaziamini. Nazijibu moja moja.

"Kaiba mchana kweupe. Asikilizwe nini tena?"

Kama kaiba, kikao kitathibitisha. Kama hakuiba, ni wapi pengine atakapolisema hilo kabla hajapoteza riziki yake? Mwaka 1958 kamati ya polisi ya Brighton, Uingereza, ilimfukuza mkuu wa polisi, Charles Ridge, bila kumweleza tuhuma wala kumpa nafasi ya kujitetea. Mwaka 1963 mahakama ya juu kabisa ya nchi hiyo ilitamka kwamba uamuzi ule ulikuwa batili. Majaji hawakusema Ridge alikuwa mtu safi. Walisema hakusikilizwa, na hilo peke yake lilitosha. Msingi huo uko pia katika ibara ya 12 ya Katiba ya Zanzibar ya 1984.

"Hata angesikilizwa, angefukuzwa vile vile."

Hoja hii ilijibiwa mwaka 1987, huko huko Uingereza, katika kesi ya dereva aitwaye Polkey. Aliitwa ofisini, akaambiwa kapunguzwa kazi, akarudishwa nyumbani siku ile ile bila mtu kushauriana naye lolote. Mahakama ilikataa kumsafisha mwajiri kwa kisingizio kwamba mashauriano yasingebadili kitu. Swali la "angefukuzwa tu" lina mahali pake: pale inapopimwa fidia alipwe kiasi gani. Kwa hiyo wanaolalamika kwamba utaratibu unamtajirisha mkosaji wanakosea. Uzito wa kosa lake unaweza kuipunguza fidia, lakini hauwezi kumhalalishia mwajiri dhuluma.

"Tumempa barua ya kujieleza, inatosha."

Tuitazame barua yenyewe. Imeandikwa kwa Kiingereza, kakabidhiwa mhudumu wa vyumba saa kumi alasiri, kikao kesho saa mbili asubuhi, na mwenyekiti ni meneja yule yule aliyemtuhumu. Tanzania Bara wana kipimo kizuri cha kuipimia barua kama hii: kanuni ya 13 ya Kanuni za Utendaji Bora za 2007. Tuhuma zielezwe kwa lugha anayoifahamu mfanyakazi. Muda wa kujiandaa kwa kawaida usipungue saa 48. Aruhusiwe kuja na mwakilishi wa chama cha wafanyakazi au mwenzake wa kazini. Kikao kiongozwe na mtu ambaye hakuhusika na mkasa. Barua yetu imeanguka katika lugha, muda na mwenyekiti, na hakuna sharti hata moja hapo linalomgharimu mwajiri mdogo zaidi ya karatasi na siku mbili za subira.

"Tanzania ni moja, nenda CMA."

Ushauri huu unampotezea mtu wakati. Kazi na ajira si jambo la Muungano, na CMA, yaani Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ni chombo cha Bara. Mfanyakazi wa sekta binafsi Pemba analindwa na Sheria ya Ajira Na. 11 na Sheria ya Mahusiano Kazini Na. 1, zote za 2005 na zote za Zanzibar. Mgogoro wake unaanzia katika kitengo cha Serikali ya Zanzibar cha kushughulikia migogoro ya kazi, na juu yake ipo Mahakama ya Kazi.

Mwajiri, andika tuhuma, toa muda, na umweke kitini mtu asiye na ugomvi na mtuhumiwa. Nawe uliyefukuzwa, usitie saini usichokielewa. Hifadhi barua, andika tarehe uliyoipokea, kisha fika ofisi ya kazi mapema, kwani mashauri haya yana ukomo wa muda, na haki iliyocheleweshwa na mwenyewe ni ngumu kuirudisha.