Mkulima asikilizwe kwanza, amri ya mahakama iheshimiwe na wote

MWAMGONGO, kijiji cha wavuvi na wakulima kilicho kaskazini mwa Hifadhi ya Taifa ya Gombe mkoani Kigoma, kimebanwa kati ya ziwa na milima, na ardhi yake ni finyu. Katika mwambao huo mchikichi huanza kuzaa baada ya miaka mitatu au minne, kisha huendelea kuzaa kwa zaidi ya miaka 20. Uamuzi wa siku moja wa kumwondoa mkulima shambani humpotezea mapato ya miaka mingi. Kwa sababu hiyo, haki ya kusikilizwa si suala la wanasheria peke yao. Ni ulinzi wa mtaji.

Ibara ya 13(6)(a) ya Katiba ya mwaka 1977 inampa kila mtu fursa ya kusikilizwa kwa ukamilifu pale haki zake zinapoamuliwa na mahakama "au chombo kinginecho", pamoja na haki ya kukata rufani. Chombo hicho chaweza kuwa halmashauri ya kijiji au ofisi ya leseni. Katika kesi ya kampuni ya Mbeya-Rukwa Autoparts, Mahakama ya Rufani ilieleza kuwa kusikilizwa ni haki ya kikatiba, si kanuni ya mazoea tu.

Hata hivyo, hatua ya jumla ni tofauti na uamuzi dhidi ya mtu mmoja. Ziwa Tanganyika lilipofungwa kwa uvuvi kuanzia Mei 15 hadi Agosti 15, 2024 ili samaki wazaliane, waliguswa wavuvi wote. Lakini anayefutiwa leseni peke yake anastahili kuelezwa tuhuma, kupewa muda wa kujibu na kuambiwa sababu za uamuzi.

Haki hiyo imewahi kutikiswa. Mwaka 1992 Bunge lilipitisha sheria iliyofuta haki za kimila za ardhi katika vijiji vilivyoanzishwa wakati wa Operesheni Vijiji. Sheria hiyo ilizuia mahakama kusikiliza mashauri hayo, na hata hukumu zilizokwisha kutolewa zisitekelezwe. Baba na mwanawe, waliokuwa wameshinda kesi ya shamba mkoani Arusha, waliipinga. Mwaka 1994 Mahakama ya Rufani, chini ya Jaji Mkuu Francis Nyalali, iliamua kuwa haki ya kimila ya ardhi ni mali inayolindwa na Katiba, na kwamba vifungu vilivyofunga mlango wa mahakama ni batili.

Upande wa pili wa sarafu ni utii. Mahakama ikitoa zuio la muda juu ya shamba, anayelivunja anaweza kukamatiwa mali au kuwekwa kifungo cha madai kisichozidi miezi sita. Mkulima anayevuna chikichi usiku kwa kuamini shamba ni lake anajiweka hatarini, hata kama mwishoni atashinda. Njia salama ni kuomba ruhusa ya kuvuna, fedha zihifadhiwe hadi hukumu. Kiongozi anayepuuza zuio naye hana kinga kwa sababu ya cheo chake.

Kwa mwananchi wa Mwamgongo, anayepanda boti kwenda Kigoma mjini, kila tarehe ya kesi ni nauli na siku ya kazi iliyopotea. Kwa hiyo ni nafuu kudai kusikilizwa mapema: kuomba tuhuma kwa maandishi, kutunza nakala na kudai muhtasari wa kikao. Chini ya Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999, halmashauri ya kijiji haigawi ardhi bila idhini ya mkutano wa kijiji. Asiyehudhuria mkutano huo anaacha wengine waamue. Na anayetaka Mahakama Kuu ipitie uamuzi wa kiutawala aombe kibali ndani ya miezi sita. Akichelewa, hata hoja nzuri yaweza kukosa wa kuisikiliza.