Ngano ya Bahari Nyeusi, andazi la Rungwa

Rungwa hawalimi ngano. Ukishuka kusini kutoka Itigi, ukavipita vichaka vizito vinavyojulikana kwa jina la mji huo, hadi kufika jirani na Pori la Akiba la Rungwa, utakuta mahindi, mtama, alizeti na mizinga ya nyuki iliyotundikwa juu ya miti. Ngano hutaiona. Hata hivyo, kila asubuhi karai la mafuta linawekwa jikoni, maandazi yanachomwa, na chapati zinasukumwa kwa ajili ya madereva, wachimbaji, wanafunzi na wafanyakazi wa pori. Kitafunwa cha asubuhi cha Rungwa kinatoka ng'ambo ya bahari.

Ndugu msomaji, unaweza kujiuliza kwa nini jarida la seminari lijishughulishe na bei ya unga. Jibu letu ni fupi. Kila siku tunasali tukiomba mkate wa kila siku, na ni haki kuuliza ni nani anayeupangia bei mkate huo. Pia taasisi za Kanisa katika nchi hii, yaani seminari, shule, vyuo na hospitali, ni wanunuzi wakubwa wa unga. Mnunuzi mkubwa hana haki ya kusema kwamba soko halimhusu.

Bei inapangwa wapi

Dunia huvuna ngano karibu tani milioni 800 kwa mwaka. Sehemu kubwa huliwa palepale inapovunwa: China na India, ambazo ndizo wazalishaji wakubwa kuliko wote, hula karibu yote wanayovuna. Inayovuka mipaka ni kama robo tu, na inauzwa na nchi chache: Urusi, nchi za Umoja wa Ulaya, Kanada, Australia, Marekani, Argentina na Ukraina. Unga uliokwisha kusagwa nao una soko lake, na kwa miaka mingi muuzaji mkubwa wa unga huo amekuwa Uturuki, ambayo hununua ngano ya Urusi, huisaga na kuuza unga nje.

Tanzania inahitaji karibu tani milioni 1 za ngano kwa mwaka, na inazalisha chini ya sehemu moja ya kumi ya hizo. Inayobaki hufika kwa meli bandari ya Dar es Salaam ikiwa nafaka, ikasagwa na viwanda vya huko, ikafungwa kwenye mifuko ya kilo 25 na 50, kisha ikasafiri. Kwa Rungwa safari hiyo ni Dodoma, Manyoni, Itigi, halafu barabara ndefu ya kusini. Kila kituo kina gharama yake, na gharama zote hulipwa na mtu wa mwisho.

Mwezi Machi 2022 Shirika la Umoja wa Mataifa la Biashara na Maendeleo, UNCTAD, lilionyesha kwamba katika miaka ya 2018 hadi 2020 karibu theluthi mbili ya ngano iliyoingizwa Tanzania ilitoka Urusi na Ukraina. Nchi hizo mbili ndizo zilizokuwa zimeingia vitani Februari 24 mwaka huohuo. Katika soko la Chicago, ambako bei ya ngano ya dunia hutazamwa, busheli moja, kipimo cha kilo 27 hivi, ilikuwa karibu dola 8 kabla ya vita. Machi ilipita dola 12. Mei 13 India ikapiga marufuku kuuza ngano yake nje. Julai 22 ukatiwa sahihi mjini Istanbul mkataba wa kuruhusu meli za nafaka kutoka bandari za Ukraina, na Julai 17, 2023 Urusi ikajitoa. Baba Mtakatifu Fransisko alikuwa ameonya Juni 1, 2022, akiomba ngano isigeuzwe kuwa silaha ya vita. Mtu wa Rungwa hakuwa na neno katika mambo hayo yote, lakini alilipa.

Inapanda kwa lifti, inashuka kwa ngazi

Linalotuumiza zaidi lilikuja baadaye. Ngano ilishuka. Kufikia Agosti 2024, busheli huko Chicago ilikuwa chini ya dola 6, chini kuliko kabla ya vita. Je, unga vijijini ulishuka kwa kiasi hicho? Yeyote anayenunua unga kwa kilo dukani anajua jibu.

Sababu zinaeleweka, na si zote ni ulafi wa wafanyabiashara. Ngano hununuliwa kwa dola. Mwaka 2022 dola moja ilikuwa kama shilingi 2,300; katikati ya mwaka 2024 ilikuwa imepita shilingi 2,600, na kwa muda dola zenyewe zilikuwa adimu. Hivyo sehemu ya nafuu ya Chicago ililiwa na shilingi kabla meli haijatia nanga. Nauli ya lori hufuata bei ya dizeli, wala haijui bei ya ngano. Mwenye duka aliyenunua mzigo kwa bei ya juu hataki kuuza kwa hasara, na mahali penye maduka machache hakuna jirani wa kumlazimisha. Kwa hiyo bei ikipanda dunia, Rungwa hupata habari upesi. Ikishuka, habari huchelewa njiani.

Tumtazame sasa mama anayechoma maandazi. Andazi lake ni la sarafu: shilingi mia, au mia mbili. Haliwezi kuuzwa kwa shilingi mia na kumi na tatu. Unga ukipanda, hana nafasi ya kuongeza bei kidogo kidogo kama afanyavyo mwenye kiwanda. Anachoweza ni kukata donge dogo zaidi. Mtoto anayekwenda shule na sarafu yake hupata andazi moja kama jana, ila limepungua. Hakuna takwimu inayoandika njaa ya namna hiyo, kwa sababu bei haikubadilika.

Nabii Amosi aliwakemea waliopunguza kipimo ili kuwanyonya maskini. Tukisoma maneno yake tukumbuke kwamba anayepunguza kipimo kwenye karai si lazima awe ndiye mnyonyaji. Mara nyingi yeye ni wa mwisho katika mnyororo mrefu, na amepunguza riziki yake kabla ya kupunguza andazi.

Isidhaniwe kuwa tunalia kwa upande mmoja tu. Mkoa wa Singida unajulikana kwa alizeti, na Ukraina ndiyo iliyokuwa ikiongoza duniani kwa kuuza nje mafuta ya alizeti. Vita ilipopandisha bei ya mafuta ya kula, wakulima wengi wa mkoa walitiwa moyo kupanda zaidi. Mwaka 2023, mafuta ya nje yalipokuwa yameingia kwa wingi, walilalamika kwamba bei ya mbegu zao imeanguka. Kaya moja iliweza kuumizwa mara mbili na soko lilelile: iliponunua unga, na ilipouza alizeti.

Mashamba ya Hanang

Wapo wanaosema dawa ni kulima ngano yetu. Hatupingi. Nyanda za juu za kusini na kaskazini zina hali ya hewa inayofaa, na watafiti wa Uyole na Selian wana mbegu. Lakini kaskazini mwa Singida, katika tambarare za Hanang, kuna somo ambalo halifai kusahauliwa. Kuanzia miaka ya 1970, kwa msaada wa Kanada na chini ya shirika la umma la NAFCO, yalifunguliwa mashamba saba makubwa ya ngano. Matrekta, vipuri na wataalamu vilitoka mbali. Ngano ilipatikana, tena nyingi. Lakini Wabarabaig walipoteza malisho yao bora pamoja na makaburi ya wazee wao, wakafika hadi mahakamani. Msaada ulipokoma katika miaka ya 1990, mashamba yalidhoofika, na baadaye NAFCO yenyewe ikavunjwa.

Tunachojifunza ni kwamba ngano inayotegemea dizeli, vipuri na fedha za kigeni bado ni ngano ya kigeni hata ikiota hapa. Na chakula cha taifa kikipatikana kwa kumwondoa mfugaji kwenye ardhi yake, bei yake halisi haikuandikwa kwenye mfuko.

Wengine wanasema serikali iamuru viwanda vichanganye unga wa ngano na wa mazao yetu. Nigeria ilijaribu njia hiyo kwa muhogo kuanzia miaka ya 2000. Amri zilitolewa, lakini unga bora wa muhogo haukupatikana kwa wingi na kwa uhakika, na waokaji wakarudi kwenye ngano. Amri haikaangi andazi. Lazima kwanza awepo mkulima mwenye hakika ya kuuza, na msagaji mwenye hakika ya kupata nafaka safi.

Tuanzie jikoni kwetu

Maoni yetu ni haya: taasisi za Kanisa zilizo katika mikoa ya kati zianze kununua mtama kwa mkataba, kabla ya msimu, kutoka kwa wakulima wa eneo lao, na zipunguze ngano katika kifungua kinywa.

Kuna mahali ambapo ngano haina mbadala. Sheria ya Kanisa, kanuni ya 924, inataka mkate wa Ekaristi uwe wa ngano tupu. Hapo hatuna mjadala, na kiasi chenyewe ni kidogo: kilo moja ya unga hutoa hostia nyingi mno. Lakini hakuna kanuni inayosema chai ya saa nne lazima iwe na andazi la ngano tupu. Tukitofautisha mambo hayo mawili, tunaona kwamba sehemu kubwa ya ngano tunayonunua ni ya mazoea.

Mtama hauna gluteni, ule unato unaofanya donge livutike na kuumuka, kwa hiyo mkate wa mtama peke yake utavunjika. Lakini maandazi na chapati huvumilia mchanganyiko: sehemu moja ya unga wa mtama kwa tatu za ngano hukubali kukandwa. Viazi lishe vilivyopondwa navyo hufaa, kama waokaji wa Rwanda na Kenya walivyoonyesha. Na uji wa mtama hauhitaji ngano hata chembe.

Tunajua pingamizi. La kwanza ni kwamba wanafunzi watanung'unika, kwa kuwa mtama umeitwa chakula cha njaa. Sifa hiyo mbaya ina historia: mara nyingi watu wa Dodoma na Singida wamehimizwa mtama kwa sheria ndogo na kwa hofu ya ukame, na kitu kinacholetwa na hofu hakipendwi. Umoja wa Mataifa uliutangaza mwaka 2023 kuwa mwaka wa kimataifa wa jamii ya nafaka hizi, lakini tangazo halibadilishi ladha. Mpishi mzuri huibadilisha. Tukumbuke pia kwamba Wakimbu, ambao historia yao iliandikwa na Padre Aylward Shorter mwaka 1972, waliishi katika misitu hii kwa kilimo cha kuhamahama, uwindaji na asali bila kusubiri meli.

Pingamizi la pili ni zito zaidi: mkulima. Mtama hushambuliwa na kwelea kwelea, na karibu na pori tembo nao huja. Akivuna, mnunuzi humkuta ana dhiki na humpangia bei. Ndiyo maana tunasema mkataba kabla ya msimu. Shule moja ikiahidi magunia kadhaa kwa bei iliyokubaliwa, mkulima anajua kwa nini akae shambani kufukuza ndege. Mbegu kama Macia, inayokomaa mapema na yenye punje nyeupe zinazopendeza kwa unga, zipo. Kinachokosekana ni mtu wa kusema mapema, “Nitanunua.”

La tatu ni kwamba mambo haya ni madogo mno kwa soko la tani milioni 800. Ni kweli, Chicago haitatikisika. Lakini hatukusudii kuitikisa. Tunakusudia kwamba safari nyingine meli zikizuiwa katika Bahari Nyeusi, pawepo mahali ambapo msukosuko huo unapungua nguvu kabla ya kumfikia mtoto mwenye sarafu moja. Na fedha ambayo ingekwenda kwenye ngano ya mbali ibaki mikononi mwa mkulima wa jirani, ambaye naye hununua andazi.

Kwa hiyo tunawaomba wahasibu na walezi wa taasisi zetu wafanye jambo moja kabla ya mvua za msimu ujao. Wafungue daftari la jikoni, wajumlishe mifuko ya ngano iliyoliwa mwaka mzima, watoe ile ya hostia, kisha waulize robo ya inayobaki ingeweza kuwa mtama wa nani. Wampelekee jibu hilo mwenyekiti wa kijiji au wa chama cha wakulima, likiwa na idadi ya magunia na bei. Mvua za kwanza zikinyesha, mkulima awe ameshajua anamlimia nani.