Athumani, Othman au Uthman? Jina moja linavyoweza kukwamisha mirathi

Msikilizaji wetu wa Uluguru, kina Athumani unawajua wengi. Mmoja wao anaweza kuwa Athumani kwenye daftari la kijiji, Athuman kwenye kitambulisho cha NIDA, Othman kwenye cheti cha shule na Asumani kwenye kadi ya kliniki ya mtoto wake. Kijijini hilo halimsumbui mtu, maana kila mmoja anamfahamu. Siku akifariki, wanawe wakienda Mahakama ya Mwanzo kufungua mirathi, ndipo herufi moja inapowarudisha nyumbani.

Jina lenyewe limetoka wapi?

Asili yake ni Kiarabu: Uthman. Kamusi za zamani za Kiarabu zinalieleza kuwa ni kinda la ndege mkubwa wa jangwani mwenye miguu mirefu, jamii ya tandawala. Zipo pia zinazosema ni mtoto wa nyoka. Lakini mzazi anayemwita mwanawe Athumani hamfikirii ndege wala nyoka. Anamkumbuka Uthman bin Affan, mfanyabiashara na sahaba wa Mtume Muhammad, aliyekuwa Khalifa wa tatu kuanzia mwaka 644 hadi alipouawa mwaka 656.

Khalifa huyo anakumbukwa zaidi kwa jambo moja. Waislamu wa miji mbalimbali walipoanza kubishana kuhusu usomaji wa Kurani, aliagiza iandikwe nakala moja ya kufuatwa na wote, kisha nakala zake zikapelekwa mijini. Aliyewaunganisha watu kwa maandishi mamoja, jina lake leo linaandikwa kwa namna zisizohesabika.

Kwa nini tunatofautiana?

Jina hili limesafiri mbali. Uturuki ni Osman, Nigeria ni Usman, Afrika Magharibi iliyotawaliwa na Ufaransa ni Ousmane, kama Ousmane Dembélé, mchezaji wa Ufaransa aliyetwaa Ballon d'Or mwaka 2025. Uganda utasikia Asuman. Zanzibar wengi huandika Othman, kama Othman Masoud Othman, aliyeapishwa kuwa Makamu wa Kwanza wa Rais wa Zanzibar mwaka 2021.

Sisi wa bara tunasema Athumani. Kiarabu huanza jina hili kwa herufi ayn, sauti ya kooni ambayo Kiswahili hakina. Kiswahili nacho hupenda neno liishie kwa irabu, ndiyo maana tukaongeza "i" mwishoni. Ambaye lugha yake ya nyumbani haina "th" husema Asumani. Hakuna aliyekosea hapo. Kila lugha imelipokea jina kwa sauti zake.

Uluguru kuna sababu nyingine. Wengi wana jina la dini na jina la Kiluguru, kama Mkude, Kobero au Mloka. Mtu huyohuyo anaandikwa kwa jina la baba yake kwenye karatasi moja, na kwa jina la Kiluguru kwenye nyingine.

Kwa nini sasa limekuwa tatizo?

Zamani karani alimuuliza mwenyekiti wa kijiji, mambo yakaisha. Tangu usajili wa laini za simu kwa alama za vidole uanze mwaka 2019, namba ya NIDA yenye tarakimu 20 imekuwa ufunguo wa huduma nyingi. Kompyuta hulinganisha herufi kwa herufi, na haimjui baba yako.

Lawama zote asibebeshwe mkulima. Mara nyingi aliyeandika ni karani au mwalimu aliyesikia jina akaliandika anavyojua, au akaona "Athumani" ni kosa akamsahihishia mtoto kuwa "Uthman". Nia ilikuwa njema, lakini mtoto akabaki na jina lisilolingana na cheti chake cha kuzaliwa. Mtumishi wa umma aulize, "Unaliandikaje?" kabla ya kuandika.

Ufanye nini?

Kwanza, weka karatasi zako zote pamoja: cheti cha kuzaliwa, NIDA, cheti cha shule, kitabu cha benki, hati ya shamba. Soma jina herufi kwa herufi.

Pili, ukikuta tofauti, chagua tahajia moja. Makosa ya cheti cha kuzaliwa hushughulikiwa na RITA kupitia ofisi ya Mkuu wa Wilaya. Ya kitambulisho hushughulikiwa na ofisi ya NIDA ya wilaya.

Tatu, jua tofauti ya hati mbili. Kiapo mbele ya hakimu au wakili kinaeleza kwamba Athumani na Othman ni mtu mmoja, hakibadilishi jina. Anayetaka kubadili jina kabisa huandaa hati ya kubadili jina, inayosajiliwa kwa Msajili wa Hati, Wizara ya Ardhi. Kiapo kinataka mwenyewe awe hai. Akishaondoka, kazi ya kuthibitisha inawaangukia warithi, na ndugu mwenye tamaa anaweza kuitumia tofauti hiyo kudai kwamba marehemu wa kwenye hati ya shamba si baba yao.

Nne, mtoto akizaliwa, baba na mama mkubaliane tahajia kabla ya kwenda kumsajili. Iandikeni kwenye karatasi na mumkabidhi msajili. Kisha someni cheti papo hapo, kabla hamjaondoka dirishani.