Kioo Kisichomwona Mtu

Wako watu, na baadhi yao ni walimu wenzangu, wasemao kwamba mashine haijui upendeleo kwa sababu haina moyo. Binadamu, wasema, aweza kukuonea kwa rangi yako. Kompyuta hutazama na kuhesabu tu. Maneno haya ni matamu masikioni, lakini si kweli, nami sipendi vijana wayameze bila kuyatafuna.

Mwaka 2015 Joy Buolamwini, binti wa wazazi wa Kighana aliyekuwa akisoma katika chuo cha MIT huko Marekani, alibuni kioo cha ajabu. Kilikuwa kazi ya sanaa. Mtu akisimama mbele yake, kamera hufuata uso wake, na juu ya taswira yake hutokea sura ya kile akitamanicho kuwa, kama vile simba. Basi msanii akasimama mbele ya kioo chake mwenyewe, na kioo kisimwone! Programu ya kutambua nyuso, ambayo hakuiandika yeye, haikujua kwamba uso ule mweusi ni uso. Alipovaa kinyago cheupe cha plastiki, mara ikamwona. Fikiri, msomaji: plastiki isiyo na uhai ilihesabiwa kuwa mtu kabla ya mwenye pumzi.

Nimepata kuambiwa kwamba kosa lilikuwa la taa. Taa! Ni nani basi aliyekata shauri kwamba kamera ipimwe kwa ngozi nyeupe, hata mweusi ndiye awe wa kuongezewa taa?

Tena mashine hizi hazizaliwi na akili. Hufundishwa kwa picha nyingi, na picha walizolishwa walimu wake kuziona kuwa za kawaida zilikuwa zaidi za wanaume weupe. Mwaka 2018 Buolamwini na Timnit Gebru, mzaliwa wa Ethiopia, walitoa matokeo ya jaribio lao. Walichukua picha za wabunge 1,270 wa Rwanda, Senegal, Afrika Kusini, Iceland, Finland na Sweden, wakaziuliza programu za makampuni matatu: huyu ni mume au mke? Kwa wanaume weupe, programu iliyokosea kuliko zote haikupita asilimia 0.8. Kwa wanawake weusi, moja ilikosea asilimia 34.7, yaani zaidi ya mmoja katika kila watatu. Na hao ni watunga sheria. Sijui muuza mboga angeitwaje.

Katika shule zetu mtoto apendaye kuchora huambiwa aache mchezo ashike hesabu. Programu ile ilikuwa imeandikwa na mafundi wa hesabu, ikapita mikononi mwao, wakaridhika nayo. Aliyeshikwa na kosa lake, akakataa kunyamaza, ni msichana aliyetaka kujiona simba kiooni.