Huruma ya Rufaa Isimsahau Aliyejeruhiwa

Neno maslaha lina uzito mkubwa Garissa, Wajir na Mandera. Mtu akimpiga mwenzake na kumjeruhi, wazee wa koo mbili huketi, wakasikilizana, wakakata fidia ya ngamia, mbuzi au fedha, na jambo likahesabiwa kuwa limekwisha. Sisi tunaofundisha lugha twajua kwamba neno hilo ni ndugu wa suluhu na maslahi; yote yametokana na mzizi mmoja wa Kiarabu, wenye maana ya wema na kutengeneza kilichoharibika. Swali langu ni hili: rufaa ya kesi ya shambulio inapofika mbele ya jaji, na mfungwa akaomba apunguziwe kifungo kwa kuwa wazee wamekwisha kupatana, ni maslahi ya nani yanayotazamwa?

Nieleweke vyema. Siipingi huruma, kwani sheria yenyewe imeitengea nafasi. Kanuni ya Adhabu ya Kenya imeyapanga mashambulio kwa madaraja. Shambulio la kawaida adhabu yake haizidi mwaka 1. Lililoumiza mwili haizidi miaka 5. Na kudhuru vibaya, kama vile kumtia mtu kilema cha kudumu, huweza kumfunga mkosaji maisha. Hivyo ni vipeo tu. Hakimu aweza kushuka chini yake, au akamtuma mkosaji afanye huduma kwa jamii chini ya sheria ya 1998. Aidha, sheria ya mwenendo wa kesi za jinai huruhusu mahakama kuwapatanisha watu katika shambulio la kawaida na makosa mengine madogo ya kibinafsi. Makosa makubwa hayamo katika ruhusa hiyo.

Jaji wa rufaa naye hapunguzi adhabu kwa sababu tu yeye angalitoa nyingine. Kanuni iliyowekwa na Mahakama ya Rufani ya Afrika ya Mashariki mwaka 1954, na inayofuatwa hadi leo, ni kwamba asiiguse adhabu ila pale hakimu alipokosea msingi, alipoacha jambo muhimu, au alipopitisha kiasi waziwazi. Tena anaweza kuiongeza. Ninyi walimu mnalifahamu hilo. Anayesahihisha upya mtihani wa mwanafunzi habadilishi alama kwa kupendezwa. Huonyesha kosa la msahihishaji wa kwanza.

Wapo watakaosema kwamba Kaskazini Mashariki si Nairobi. Ni kweli. Wakazi wake waliishi chini ya sheria za hali ya hatari hadi 1991, na wengi waliijua serikali kwa bunduki kabla ya kuijua kwa haki. Mzee wa ukoo alikuwa karibu; hakimu alikuwa mbali. Zaidi ya hayo, mapatano ya wazee yamezima visasi ambavyo jela isingaliweza kuvizima. Katiba ya 2010 imeyatambua katika kifungu cha 159, mradi yasikiuke haki za binadamu. Mwaka 2013 Mahakama Kuu jijini Nairobi iliruhusu hata shtaka la mauaji liondolewe baada ya familia mbili za Kiislamu kupatana na fidia kulipwa.

Lakini tutofautishe mambo. Marehemu hana kinywa. Jamaa zake hawana budi kumsemea. Aliyepigwa yu hai. Ndiye aliyevunjwa mkono, ndiye asiyelala usiku, na mara nyingi ni mwanamke anayerudi kuishi karibu na yuyo huyo aliyempiga. Kwa desturi fidia hutolewa na ukoo na kupokewa na ukoo. Yawezekana basi ngamia wakahesabiwa, mikono ikapeanwa, na yeye asiulizwe neno. Wahenga walisema kitanda usichokilalia hujui kunguni wake.

Hapa ndipo lugha inapoingia. Mwaka 1973, katika kesi ya Adan dhidi ya Jamhuri, mahakama ya rufani ilisisitiza kwamba mshtakiwa aelezwe shtaka kwa lugha anayoielewa kabla ya kukubaliwa kuwa amekiri. Katiba nayo imempa mkalimani bila malipo. Ni haki yake. Je, aliyejeruhiwa? Rufaa ni shauri baina ya mfungwa na Jamhuri. Yeye si mmoja wa wanaoshindana. Sheria ya Ulinzi wa Waathiriwa ya 2014 imempa haki ya kusikilizwa, na miongozo ya Idara ya Mahakama kuhusu adhabu, ya 2016 na ya 2023, inataka madhara yaliyompata yazingatiwe. Ila haki ya kusema haina faida kwa asiyejua siku ya kusikilizwa, wala kwa anayesema Kisomali mbele ya kumbukumbu inayoandikwa kwa Kiingereza.

Napendekeza mambo matatu. Kwanza, jaji asikubali hoja ya maslaha katika rufaa ya shambulio kabla ya kumsikia aliyejeruhiwa mwenyewe, kwa lugha yake, bila wazee kumsimamia. Pili, fidia ithibitishwe kuwa imefika mkononi mwake. Tatu, adhabu ikipunguzwa, sababu zisomwe kwa Kisomali au Kiswahili, ili aondoke akijua kwa nini.

Akisamehe kwa hiari yake, mfungwa na aachiliwe mapema. Hiyo ni suluhu ya kweli. Asipoulizwa, tusiitumie lugha vibaya. Walimu na wanafunzi wa Kiswahili tunajua kwamba kupatana ni tendo la wawili. Walipopatana wengine kwa niaba ya aliyenyamazishwa, hapo hapajawa na maslaha bado.