Jenerali Huthibitishwa na Nani?



Sisi wa Mwanza hatukusahau. Februari 1966 Bunge la Uganda lilipiga kura kwamba Kanali Idi Amin asimamishwe kazi. Obote akalipuuza, akampandisha cheo. Mwaka 1971 Amin akampindua aliyempandisha. 1978 akavamia Kagera. 1979 ndege ya Libya, iliyokuja kumsaidia, ikaangusha mabomu kisiwani Saanane, mlangoni petu.

Hapa kwetu Waziri Mkuu hashiki madaraka ila athibitishwe kwa kura za Wabunge. Mkuu wa Majeshi je? Rais humteua, humwapisha, na Bunge haliulizwi.

Hatumtuhumu jenerali yeyote. Twauliza tu: mwenye kalamu apimwa kwa mizani, mwenye bunduki za taifa apita vipi bila kupimwa? Bunge na liulizwe!