Vishindo vya ghorofani: anayeumia yuko chini, dawa iko juu

Ni saa tano usiku. Mtoto amelala baada ya kubembelezwa sana, nawe wadamka alfajiri kwenda kazini. Mara darini: ti! ti! ti! Kiti chaburutwa. Unashika mpini wa ufagio na kugonga dari kwa hasira. Kesho yake mkikutana ngazini, hakuna salamu.

Wanaoishi katika nyumba kuukuu za ghorofa zenye sakafu za mbao, kama baadhi ya zile za Mji wa Kale, Mombasa, wanaijua adha hii.

Sauti ya redio husafiri hewani, lakini kishindo cha mguu huingia moja kwa moja kwenye mbao, kikapita kwenye boriti hadi ukutani. Kati ya mbao na dari mna uwazi, na sakafu huvuma kama ngoma. Ndiyo sababu kubandika trei za mayai darini hakufai kitu. Isitoshe, trei za karatasi hushika moto upesi.

Kishindo huzuiwa pale mguu unapogusa sakafu. Basi wewe uliye juu, fanya hivi:

Tandika zulia nene, na chini yake uweke mpira au sponji ngumu. Mkeka mtupu hautoshi. Kama fedha ni chache, anzia panapokanyagwa zaidi: ujiani na kando ya kitanda.

Kata ndara kuukuu, ubandike vipande vyake chini ya miguu ya viti na meza.

Mitalawanda na viatu vya mchuchumio vivuliwe mlangoni.

Kinu kishushwe uani. Ikishindikana, kitwangiwe mchana, juu ya gunia lililokunjwa mara kadhaa.

Ubao unaolia aghalabu umelegea msumari. Mwite seremala aukaze kwa skrubu kabla hujatandika zulia.

Lakini usimwage zege juu ya mbao ukidhani uzito utanyamazisha vishindo. Boriti zilizoliwa na mchwa huenda zisiuhimili mzigo huo.

Aliye chini naye anaweza kujengewa dari ya pili, yenye boriti zake zisizogusa zile za juu. Hupunguza kelele, ila ni gharama, huteremsha kimo cha chumba na huhitaji ruhusa ya mwenye nyumba. Hata hivyo, vishindo vingine vitashuka kupitia kutani.

Tusidanganyane: zulia hupunguza sana mlio wa visigino na viti, lakini mtoto akirukaruka bado utausikia mtikisiko.

Kwa hivyo, wewe wa chini, weka ufagio. Panda ngazi mchana, hasira zikiwa zimetulia, upige hodi. Mwalike jirani ashuke aketi sebuleni mwako dakika 5, huku mwanawe akitembea kule juu. Wengi hawajui wanavyosikika. Na wewe wa juu, ukijiwa hivyo usinune. Aliyekuja kukueleza ana kwa ana amekuheshimu kuliko anayekusengenya kwa jirani wa tatu.